Ushindi wa Daraja Si Zawadi ya Huruma

Ukurasa huu umezoea mashairi, ngoma, harusi na mila, na leo najua baadhi yenu mtaguna mkiona naandika habari za magari. Gunieni, lakini someni. Mimi si fundi wa magari wala sina la kujigamba nalo. Kigari changu hupenda kusukumwa asubuhi, na watoto wa mtaani kwetu wameshakijulia. Lakini kuna ubishi ulioanza barazani kwetu tangu Juni ya mwaka 2023, na kila ukizimwa huwaka tena, nami nimechoka kuujibu kwa mdomo.

Ulianza hivi. Katika mbio za saa 24 za Le Mans, huko Ufaransa, Mwomani mmoja jina lake Ahmad Al Harthy, mtu wa Maskati, alishika nafasi ya pili katika daraja lake, yeye na wenziwe wawili, wakiendesha gari aina ya Aston Martin. Jina la ukoo huo halimgutui mtu wa Lamu, Mombasa wala Unguja, na bila shaka ndilo lililotuvuta sisi wazee tusiojua breki na klachi tukaifuatia habari ile. Tukafurahi, tukapongezana kana kwamba sisi ndio tuliokuwa kwenye usukani. Ndipo kijana mmoja, mwenye ulimi unaokwenda kama cherehani, akasema: "Ami, msijidanganye. Wa pili wapi? Mbele yake yalikuwako magari tele. Hilo daraja limewekwa kufutia watu machozi. Mbio ni moja, na aliyetangulia ndiye aliyeshinda."

Usiku ule sikumjibu vizuri. Nilimwambia maneno ya utu uzima, yale tunayoyatumia tukiishiwa na hoja. Leo nataka kumjibu kwa hoja, na jibu langu ni kwamba daraja ni haki, si huruma. Ila ni haki inayohitaji mlinzi, kwa sababu ni rahisi mno kuibiwa.

Kwanza niieleze shughuli yenyewe. Le Mans ni mji wa magharibi ya Ufaransa. Mbio huanza saa kumi za alasiri siku ya Jumamosi, mwezi wa Juni, zikaisha saa kumi za alasiri ya Jumapili. Hakuna umbali uliowekwa kwamba atakayeumaliza kwanza ndiye mshindi. Saa ndiyo inayokata shauri, na gari lililokwenda masafa marefu zaidi ndilo la kwanza. Njia ina urefu wa kilomita 13.626, na sehemu yake kubwa ni barabara za kawaida ambazo siku nyingine hupitwa na malori na watu waendao zao kazini. Kila gari lina madereva watatu wanaopokezana. Jua la Juni katika nchi ile huchwa karibu saa nne za usiku. Mtu wa Mombasa aliyezoea kusali magharibi kabla ya saa moja akifika huko hutazama saa yake akadhani imekufa. Basi usiku wenyewe ni mfupi, lakini waliouendesha husema ndio mrefu kuliko yote.

Sasa, kijana wetu anaposema mbio ni moja, anakosea tangu hapo. Mwaka 2025 yaliingia magari 62, nayo yalikuwa ya mashindano matatu yaliyowekwa kwenye barabara moja: magari 21 ya daraja la juu liitwalo Hypercar, magari 17 ya daraja la kati, LMP2, na magari 24 ya LMGT3. Magari ya Hypercar karibu yote yameundwa kwa mbio na kwa mbio tu; hayafanani na chochote kilichoegeshwa Digo Road. Yale ya GT ni jamaa wa magari yanayouzwa madukani. Herufi hizo zatokana na maneno ya Kitaliano, gran turismo, yaani safari kuu: gari la watu wawili na sanduku lao la nguo, la kuwatoa mji mmoja hadi mji wa mbali kwa haraka na kwa raha. Likumbukeni hilo sanduku, nitalirudia.

Gari la Hypercar huzunguka njia ile kwa kiasi cha dakika tatu na nusu. La GT huchukua karibu dakika nne. Maana yake ni kwamba kwa muda wa saa 24, mchana na usiku, kwenye mvua na ukungu, dereva wa GT anashindana na walio daraja moja naye huku akipitwa tena na tena na magari ambayo hana ugomvi nayo. Lazima atazame mbele, na lazima atazame kioo cha nyuma. Akimzuia mkubwa, ana makosa. Akimpisha kwa woga, wa daraja lake humpenya papo hapo. Mimi nilipokuwa mdogo nilitumwa sokoni na baiskeli njia ambayo mabasi yalipita, na hiyo ndiyo sehemu ya mbio hizi ninayoielewa bila kufundishwa.

Wala si mzaha. Tarehe 11 Juni 1955, mbele ya majukwaa ya Le Mans, Mike Hawthorn katika Jaguar alimpita Lance Macklin, aliyekuwa na Austin-Healey, gari la mwendo mdogo zaidi, kisha akafunga breki aingie kwenye kituo chake. Macklin akakwepa asimgonge. Nyuma yake alikuwa akija Pierre Levegh na Mercedes kwa kasi kubwa. Hakuwa na pa kwenda. Mercedes ikapanda juu ya Austin-Healey, ikaruka, ikapasuka, na vipande vyake vikaingia katika umati. Walikufa watazamaji zaidi ya 80, na Levegh mwenyewe. Lawama zimebishaniwa miaka yote hii, nami sina nia ya kuwafufua maiti niwahukumu. Nalotaka msomaji alione ni kwamba kuweka wenye kasi na wasio na kasi katika njia moja ni jambo la roho za watu. Anayefanya hivyo ana wajibu wa kuweka mipaka, na daraja ni mojawapo ya mipaka hiyo.

Kijana akataka kujua, basi daraja lilianza lini? Alidhani ni jambo la juzi, lililoletwa na matajiri wa leo wanaotaka vikombe vya kuweka sebuleni. Sivyo. Mbio za kwanza za Le Mans zilifanywa tarehe 26 na 27 Mei 1923, na nia ya waasisi haikuwa kumjua mwenye kasi. Walitaka kujua ni gari gani la kawaida lingeweza kustahimili usiku na mchana, taa zake zikawaka, breki zake zikashika. Kila gari lilipewa masafa yake ya kutimiza kwa kadiri ya ukubwa wa injini yake: lenye injini kubwa lilidaiwa zaidi, lenye injini ndogo likadaiwa kidogo. Yalianza magari 33 yakamaliza 30. Waliokwenda mbali kuliko wote walikuwa Lagache na Léonard, katika Chenard-Walcker, kilomita zipatazo 2,209. Na juu ya hayo hawakutangazwa rasmi kuwa washindi wa mwaka ule, kwa sababu kombe lenyewe lilikuwa la miaka mitatu na lilihesabiwa kwa mizani ile ya masafa na injini. Kwa hiyo mbio hizi zilizaliwa na mizani mkononi. Hii ya "aliyetangulia ndiye" ndiyo iliyokuja baadaye.

Na kwetu je? Safari Rally, iliyoanza mwaka 1953, nayo katika miaka yake ya mwanzo iliyagawa magari kwa bei zake madukani. Mwenye gari la bei ndogo alishindana na wa bei ndogo. Ile si mbio ya kuzunguka, ni mashindano ya vumbi na matope, lakini fikira ni ile ile, na wazee wetu waliosimama kando ya barabara kuyatazama yakipita hawakuona ajabu.

Nimesema daraja ni rahisi kuibiwa. Hapa ndipo mambo yenyewe yalipo, na wizi wake una utamu wa kuhadithia.

Kuingia daraja la GT kulikuwa na sharti: gari liwe limejengwa kwa idadi fulani ya kuuzia watu, lisiwe la mbio tu. Mwaka 1962 Ferrari ilileta 250 GTO. Sharti lilikuwa magari 100. Ferrari ilijenga yasiyofika 40. Hoja yao ilikuwa kwamba si gari jipya, ni lile lile la zamani lililobadilishwa bodi, na la zamani lilikwisha hesabiwa. Wakubaliwa. Herufi ya mwisho ya jina lake, hiyo O, yasimama badala ya neno la Kitaliano lenye maana ya "limeidhinishwa". Leo gari hilo ni miongoni mwa magari ghali kuliko yote duniani, na jina lake linatangaza idhini iliyopatikana kwa ulimi.

Ikapita miaka. Mwaka 1995 likatokea jambo la fahari. McLaren F1, gari la barabarani alilolibuni Gordon Murray, lenye viti vitatu na dereva katikati, halikuwa limekusudiwa mbio hata kidogo. Wenye nayo wakashikilia litengenezwe la mbio. Likaenda Le Mans, mvua ikanyesha sehemu kubwa ya mbio, na Yannick Dalmas, JJ Lehto na Masanori Sekiya wakashinda mbio nzima, daraja na jumla, wakayaacha nyuma yale magari yaliyoundwa kwa mbio tu. Magari mengine matatu ya aina hiyo yakawa la tatu, la nne na la tano. Katika lile la tatu walikuwamo Derek Bell, mshindi wa Le Mans mara tano, na mwanawe Justin, wakipokezana usukani. Baba na mwana jukwaa moja. Hii ndiyo GT ninayoipenda mimi.

Lakini ushindi ule uliamsha tamaa. Makampuni makubwa yakaona: ikiwa gari la duka laweza kushinda, kwa nini tusijenge gari la mbio kisha tulipe vazi la duka? Porsche ikaleta 911 GT1, ambayo kwa 911 ya dukani ilichukua jina zaidi kuliko kitu. Mercedes ikajenga CLK GTR, la mbio kwanza, halafu ndipo yakatengenezwa machache, yapata 25, ya kuuzia matajiri ili sharti litimie. Toyota ikaleta GT-One mwaka 1998, na hapa ndipo linaporudi sanduku letu. Sheria ya Le Mans ilidai gari la GT liwe na nafasi ya kutia sanduku la safari. GT-One halikuwa nayo. Wahandisi wakawaeleza wakaguzi kwamba tangi la petroli, likiwa tupu, lina nafasi ya kutosha sanduku. Na wakaguzi wakaridhia!

Sisi tuliokaa chuoni tunazijua hila za namna hii. Ni yule mtu anayempa mkewe mali yote siku moja kabla ya mwaka wa zaka kutimia, kisha kesho yake akaichukua. Herufi ya sheria imesalimika na maskini hakupata kitu. Nilipousimulia mkasa wa tangi barazani, hata kijana wetu aliangua kicheko, na shekhe mmoja mpole ambaye hajapata kutazama mbio za magari maishani mwake akauliza, "Na hilo sanduku, lingetoka likinuka nini?"

Malipo ya hila hayakukawia. Katika ubingwa wa FIA wa mwaka 1998, Mercedes ilishinda mbio zote kumi. Zote. Waliobaki wakafunga virago, kwa maana hakuna anayetaka kutumia mamilioni ili awe msindikizaji, na mwaka uliofuata daraja la GT1 halikuwako tena katika ubingwa ule. Walioliua ndio walioshinda kila kitu ndani yake.

Kutokana na maafa hayo, polepole, ukaja utaratibu wa leo. Mwaka 2006 lilianzishwa daraja la GT3, na mwaka 2024, baada ya lile la GTE kustaafishwa, GT3 ndiyo iliyoingizwa Le Mans kwa jina la LMGT3. Msingi wake ni kwamba magari hayafanani na wala hayalazimishwi kufanana. Ford Mustang lina injini kubwa ya silinda nane puani. Porsche 911 imebeba ya silinda sita mkiani, nyuma ya ekseli. Ferrari 296 lina silinda sita na taba mbili katikati ya mgongo. Ukiyaacha hivi hivi, moja litayashinda mengine mwaka mzima. Basi wasimamizi huyapima, kisha lile lenye nguvu wakalipunguzia pumzi ya injini au wakalitia uzito. Huo uzito watu wa pwani tuna jina lake tangu enzi za majahazi: ni farumi. Nahodha hutia farumi chini ya jahazi ili lisimame sawa kwenye upepo, na hawa hutia farumi kwenye gari ili shindano lisimame sawa.

Kwa mshairi, jambo hili lina ladha yake. Tunaposema shairi lina mizani hatusemi kwamba maneno yote ni sawa. Neno moja lina silabi mbili, jingine lina sita, na kazi ya mtungaji ni kuyapanga mpaka kipande kitimie nane na kipande cha pili nane. Maneno hayakufanywa yafanane, ila yamewekwa mahali ambapo hakuna linalomlemea mwenzake. Mwaka 2024 makampuni tisa yalikuwamo katika LMGT3 ya ubingwa wa dunia. Katika ile GT1 ya mwisho yalibaki mawili matatu. Nani atasema mizani haikufanya kazi?

Hata hivyo sitaisifu nikapita kando ya kidonda. Mwenye kujua kwamba atapimwa hujifunza kuugua siku ya kupimwa. Kuna shutuma za miaka mingi kwamba timu huficha kasi zao katika mazoezi ili zisitiwe farumi, kisha siku ya mbio gari linapona. Mwaka 2016, Ford iliporudi Le Mans miaka 50 baada ya ushindi wake wa 1966, iliwaacha wenzake vibaya sana katika kuwania nafasi za kuanzia, na wasimamizi wakairekebisha mizani baada ya hapo, kabla ya mbio kuanza. Ford ikashinda daraja lake. Kama ilikuwa haki au sivyo, watu bado wanarushiana maneno.

Na liko jambo jingine linaloniwasha zaidi mimi kama mwandishi. Sheria za ubingwa wa dunia zinawakataza washindani kuitolea mizani hiyo maneno hadharani. Dereva aliyeonewa, au anayedhani ameonewa, hana ruhusa ya kusema mbele ya kipaza sauti. Naielewa sababu: bila kizuizi hicho kila aliyeshindwa angelia farumi, na mbio zingekuwa mahakama. Lakini muuza duka anayekupimia mchele nyuma ya pazia, kisha akakukataza kuuliza, hata akiwa mwaminifu kama malaika utamshuku. Mizani hutundikwa mbele ya mnunuzi. Hili nawalaumu, na lawama yangu haipunguzi hata kidogo heshima niliyo nayo kwa kazi yao.

Madereva nao hupimwa. FIA inawagawa mafungu manne: platinamu, dhahabu, fedha na shaba. Hutazamwa ushindi wao wa nyuma, kazi yao, umri wao. Katika LMGT3 kila gari lazima liwe na mtu wa shaba, ambaye aghalabu si dereva wa kulipwa. Ni mfanyabiashara, daktari, mwenye kampuni, na mara nyingi ndiye anayelipa gharama. Haendi kubebwa. Huko Le Mans sheria inamtaka akae kwenye usukani saa zisizopungua 6. Ndiyo maana wajuzi husema daraja hili hushindwa au hupatikana mikononi mwa mtu wa shaba.

Al Harthy ndiye aliyekuwa shaba ya gari lake. Na mwaka 2024 na 2025 alipoendesha BMW ya timu ya WRT ya Ubelgiji, mwenziwe alikuwa Valentino Rossi, Mtaliano aliyekuwa bingwa wa dunia wa pikipiki mara tisa. Mnajua Rossi alipewa fungu gani? Fedha. Bingwa mara tisa, lakini wa magurudumu mawili, na hapa yapo manne. Hakununa. Alikuja akaanza alipotakiwa kuanza.

Sasa nirudi kwenye ile mbio ya 2023, ya mwisho kwa magari ya GTE huko Le Mans. Aliyeshinda daraja lile alikuwa Corvette. Shaba yake aliitwa Ben Keating, muuza magari wa Texas. Katika saa za mwanzo gari lao liliharibika chombo cha kuzuia mtikisiko, likaingia kutengenezwa, na lilipotoka lilikuwa nyuma kwa mizunguko miwili. Mizunguko miwili ni zaidi ya kilomita 27! Usiku kucha, yeye na Nicky Catsburg na Nicolás Varrone wakaila tofauti ile kidogo kidogo, wengine wakiharibikiwa, wengine wakigonga kwenye mvua, hata mchana wake wakawa mbele. Na aliyemaliza nyuma yao, mbele ya wote waliosalia wa daraja lile, ni Al Harthy na wenziwe Michael Dinan na Charlie Eastwood. Hebu kijana aniambie chozi gani hapo lililofutwa. Miezi michache baadaye, huko Bahrain, daraja hilo hilo lilishindwa na gari la wanawake watatu, Sarah Bovy, Rahel Frey na Michelle Gatting, na ikawa mara ya kwanza kwa timu ya wanawake watupu kushinda mbio ya ubingwa huo wa dunia. Lau kuwa pangekuwa na kombe moja tu la aliyetangulia, hadithi zote hizi zisingekuwako, maana wasingekuja.

Nimefika kwenye jambo ambalo limenifanya niandike, nalo ni langu. Miaka kadhaa iliyopita nilikaa kwenye jopo la waamuzi wa mashindano ya mashairi. Sitautaja mji wala waandaaji. Daraja lilikuwa moja, kila mtu na aingie. Akaingia mtoto wa darasa la saba, na shairi la beti sita, vina vimekaa, mizani nane kwa nane bila ya kuvunjika, na katika ubeti wa nne palikuwa na fumbo la mtumbwi na mkondo ambalo mimi mwenyewe ningejivunia. Alipambanishwa na malenga wenye miaka arubaini kwenye fani. Tulimweka wa kumi na tisa. Kwa kipimo cha siku ile tulikuwa sawa. Mashairi kumi na manane yalikuwa bora. Nikatia sahihi. Nilimwona akilikunja karatasi lake mara nne, akalitia mfukoni, akatoka bila kungoja chai. Kwa miaka yote niliyosimamia mashairi ya ukurasa huu nimelitafuta jina lake katika barua. Halijafika hata mara moja.

Na la kuaibisha ni kwamba tulikuwa na mfano karibu nasi. Mashindano ya kuhifadhi Kurani hayakuwahi kufanya kosa hili. Kuna wa juzuu tatu, wa kumi, wa ishirini, na wa thelathini, na hakuna mzazi hata mmoja aliyesimama msikitini akasema mshindi wa juzuu tatu amefutwa machozi. Anapewa zawadi yake, anabusiwa kichwani, na mwakani anarudi na juzuu kumi. Watu wale wale waliopanga hayo kwa uangalifu mkubwa ndio waliokuja kwenye mashairi wakatupa wote katika chungu kimoja, na mimi nikiwa kati yao.

Basi nasema na waandaaji wa mashindano ya mashairi hapa pwani, walio na kamati zao sasa hivi. Wekeni madaraja matatu: wanafunzi, watunzi wasiopata kuchapishwa kitabu, na malenga. Alama za kila shairi zibandikwe ukutani, na kila mwamuzi aandike sababu yake, ili aliyeshindwa aweze kuuliza na ajibiwe. Atakayeshinda daraja la chini mara mbili apandishwe, asibaki pale kuchuma vikombe vya watoto. Na malenga mzoefu atakayejiandikisha kwa jina la mwanafunzi wake atolewe, hata akiwa rafiki yangu, na wako niwajuao. Mimi nimekwisha kuiandikia kamati moja kwamba jina langu liondolewe katika jopo la mwaka huu mpaka hayo yafanyike. Jibu lao halijaja. Likija nitalichapisha hapa.